Mkopo wa nyumba wa miaka 20 jijini Mwanza: nyumba ya milioni 100 inayolipwa milioni 300

Bidhaa tunayoipima safari hii haina boksi wala waranti. Ni mkopo wa nyumba wa benki, ule ambao nyumba yenyewe ndiyo rehani na mteja hulipa rejesho kila mwezi kwa miaka 10, 15, 20, wakati mwingine 25. Mabango yake yamejaa kwenye matawi ya katikati ya jiji, na mengi yanasifia mambo mawili: riba nafuu na muda mrefu wa kulipa. Riba watu huibishania mpaka jasho liwatoke. Muda hakuna anayeuuliza, na ndio unaowamaliza.

Hukumu tuiweke mapema ili mwenye haraka aende zake. Kwa riba za sasa, mkopo huu ni bidhaa nzuri ukiuchukua wa miaka 10 hadi 15 na mkataba ukakuruhusu kulipa ziada bila faini. Wa miaka 20 unavumilika kwa anayejua kabisa atapunguza njiani. Wa miaka 25 hatumshauri mtu yeyote. Benki hatuzitaji moja moja, kwa sababu tofauti ya benki na benki ni ndogo kuliko tofauti ya mkataba wa miaka 15 na wa miaka 25 ndani ya benki hiyo hiyo.

Hesabu yenyewe

Tuchukue nyumba ya vyumba vitatu Buswelu au Kiseke, bei milioni 100. Mnunuzi anatoa kianzio cha milioni 20, benki inatoa milioni 80. Riba za mikopo ya nyumba nchini zimekuwa zikicheza kati ya asilimia 13 na 19 kwa mwaka, kwa hiyo tuweke 16, ya salio linalopungua (inapigwa kwenye deni lililobaki tu), rejesho sawa kila mwezi.

Kwa miaka 20 rejesho ni Sh 1,113,005. Zidisha kwa miezi 240 upate Sh 267,121,200. Riba peke yake ni zaidi ya milioni 187, yaani mteja ananunua nyumba moja na kuilipa benki riba ya karibu nyumba mbili.

Sasa geuza muda tu, usiguse riba. Miaka 10: rejesho 1,340,105, jumla milioni 160.8. Miaka 15: rejesho 1,174,961, jumla milioni 211.5. Miaka 25: rejesho 1,087,111, jumla milioni 326.1. Tazama hapo kwenye miaka 20 na 25. Kwa kuongeza miaka mitano, mteja anapata nafuu ya Sh 25,894 kwa mwezi, na kwa nafuu hiyo anailipa benki milioni 59 zaidi. Upande wa pili, anayeweza kubana Sh 62,000 hivi kwa mwezi akatoka miaka 20 kwenda 15 anaokoa milioni 55.6. Linganisha na jasho la kubembeleza riba: anayefaulu kuishusha kutoka 16 hadi 14 kwa miaka ile ile 20 anaokoa milioni 28. Si haba, lakini ni nusu ya alichoweza kupata kwa kubadilisha namba moja kwenye fomu.

Sababu ya mambo kuwa hivi ipo kwenye mwezi wa kwanza kabisa. Asilimia 16 ya milioni 80, gawa kwa 12, ni Sh 1,066,667. Hiyo ni riba ya mwezi mmoja. Katika rejesho la 1,113,005, kinachobaki kupunguza deni ni Sh 46,338. Mwezi wa pili riba inapungua kwa mia sita na kitu, na pengo linapanuka taratibu mno, kama konokono apandaye mlima wa Isamilo. Baada ya miaka mitano mteja amelipa Sh 66,780,300, na salio lake ni Sh 75,781,605. Deni limeshuka kwa milioni 4.2 tu. Miaka kumi kamili, bado anadaiwa milioni 66.4. Deni linafika nusu, milioni 40, mwishoni mwa mwaka wa 16.

Ndiyo maana anayeuza nyumba mwaka wa sita akidhani "nimeshalipa sana" hupigwa na butwaa kwenye dirisha la benki. Hajaibiwa. Jedwali la marejesho lilikuwa hivyo tangu siku ya kwanza, ila hakuliomba.

Jedwali hilo unaweza kulitengeneza mwenyewe kwenye simu. Fungua Excel, andika =PMT(16%/12,240,80000000), namba itakayotokea (kwa alama ya kutoa, kwa kuwa ni fedha inayotoka) ndiyo rejesho. Kisha mstari kwa mstari: riba ya mwezi ni salio mara 16% gawa kwa 12, rejesho toa riba ni kiasi cha deni kilichopungua, salio jipya ni la zamani toa kiasi hicho. Rudia mara 240. Ikiwa namba yako inapishana na ya afisa mikopo kwa zaidi ya elfu chache, kuna ada au bima imefichwa ndani ya rejesho, au riba si ya aina uliyoambiwa.

Kuhusu aina ya riba

Hapa ndipo watu wazima hupotea. Ukikuta mkopeshaji, hasa nje ya mabenki makubwa, anakupa "asilimia 10 tu", uliza kama ni ya salio linalopungua au ni ile ambayo maofisa huiita flati. Riba ya flati hupigwa kwenye deni la mwanzo hadi siku ya mwisho, hata kama umeshalipa robo tatu. Milioni 80 kwa flati ya asilimia 10 miaka 10 ni riba ya milioni 8 kila mwaka, jumla milioni 80, rejesho Sh 1,333,333. Rudi juu utazame rejesho la asilimia 16 ya salio linalopungua kwa miaka 10: 1,340,105. Karibu ni kitu kimoja! Ile 10 iliyokufurahisha ni 16 iliyovaa kanzu.

Swali la pili: riba imefungwa au inaelea? Mikataba mingi ina kifungu kinachoiruhusu benki kubadilisha riba baada ya kutoa taarifa. Tuseme yule mteja wetu amefika mwaka wa tano, salio milioni 75.8, riba ikapanda hadi 18. Riba ya mwezi mmoja sasa ni Sh 1,136,724. Rejesho lake la zamani ni 1,113,005. Yaani akiendelea kulipa kama alivyozoea, deni linakua badala ya kupungua, na halitaisha milele. Ili amalize katika miaka 15 iliyobaki, rejesho lazima lipande hadi takriban Sh 1,220,400. Kwa hiyo kabla ya kusaini, tafuta kwenye barua ya ofa maneno yanayosema riba itabadilika kwa kufuata kipimo gani, kwa taarifa ya siku ngapi, na kama kuna ukomo. Kifungu kinachosema "kwa hiari ya benki" bila kipimo ni kifungu kibaya. Omba kibadilishwe kwa maandishi.

Wengine huuliza mbona Benki Kuu ilishusha riba yake hadi asilimia 5.75 Julai 2025 na mikopo ya nyumba imebaki ileile. Riba ile inaongoza mabenki yanavyokopeshana kwa siku chache. Mkopo wa nyumba unahitaji fedha za miaka 20, wakati amana nyingi za wateja ni za miezi tu, zinaweza kuondoka kesho. Kampuni ya TMRC ilianzishwa mwaka 2010 kuziba pengo hilo kwa kuyakopesha mabenki fedha za muda mrefu, baada ya sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008. Lakini benki bado ina njia nyingine ya kutumia fedha hizo: kununua hatifungani za Serikali za miaka 20 na 25, ambazo hazina rejesho la kufukuzia wala mnada. Mkopo wako unashindana na hatifungani hizo, na lazima uzizidi bei.

Na ile faraja ya mtaani kwamba shilingi itashuka thamani, kwa hiyo deni la leo litakuwa vijisenti kesho? Ilikuwa na maana nchi ilipokuwa na mfumuko wa bei wa tarakimu mbili. Mwaka 2023 mfumuko ulikuwa wastani wa asilimia 3.8, mwaka 2024 asilimia 3.1. Toa hiyo kwenye 16, inabaki riba halisi ya 12 na zaidi. Rejesho litaonekana jepesi kadiri mshahara unavyopanda, kweli, ila aliyekwambia deni litajifuta lenyewe hajapiga hesabu.

Gharama za mlangoni

Ada ya kushughulikia mkopo: nyingi huanzia asilimia 1 ya mkopo, pamoja na VAT ya asilimia 18 juu ya ada hiyo. Kwa milioni 80 ni Sh 944,000. Afisa mikopo mkarimu atakwambia, "Kaka, usijali, tunaiingiza humo humo kwenye mkopo." Ukikubali, ile 944,000 inapigwa riba miaka 20 na inakuwa Sh 3,152,000. Lipa taslimu.

Mthamini aliyesajiliwa, wakili, upekuzi wa hati na kuandikisha rehani: tenga milioni 2.5, ukiipata pungufu shukuru. Ushuru wa stempu kwenye uhamisho wa nyumba ni asilimia 1 ya thamani, hapa milioni 1. Nyumba mpya inayouzwa na mwendelezaji huwa na VAT. Hakikisha bei uliyotajiwa tayari inayo, maana asilimia 18 ya nyumba si kitu cha kushtukizwa nacho mezani.

Bima ni mbili. Ya kwanza ni ya maisha, inayolipa salio mkopaji akifariki au akipata ulemavu wa kudumu. Hii tunaisifu bila kusita. Familia nyingi zimebaki na paa kwa sababu yake. Uliza tu inatozwa kwenye salio linalopungua au kwenye mkopo wa mwanzo, na kama unaruhusiwa kuitafuta nje ya kampuni ambayo benki imeichagua. Tukiweka asilimia 0.4 ya salio kwa mwaka, katika miaka 20 inafika kama milioni 4.7, kwa sababu salio lenyewe linachelewa kushuka. Ya pili ni ya jengo: moto, radi, dhoruba. Tukiweka asilimia 0.2 ya jengo la milioni 80, ni 160,000 kwa mwaka, milioni 3.2 hadi mwisho. Kodi ya majengo inakatwa kwenye LUKU, 1,500 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, jumla 360,000.

Kusanya: kianzio milioni 20, marejesho 267.1, ada na VAT 0.94, mthamini na wakili 2.5, stempu 1, bima mbili 7.9, kodi ya majengo 0.36. Inakuja milioni 299.8. Hapo bado hujapaka rangi hata mara moja, na kodi ya pango la ardhi hatujaigusa kwa kuwa inategemea ukubwa na eneo la kiwanja. Ukitenga asilimia 1 ya jengo kwa mwaka kwa matengenezo, ongeza milioni 16.

Mambo ya Mwanza ambayo bango la Dar es Salaam halitakwambia

Jiji hili limekaa juu ya mawe. Kwa anayenunua nyumba iliyokwisha, mawe ni mandhari. Kwa anayechukua mkopo wa ujenzi ni bajeti. Kiwanja cha mteremko kinahitaji msingi wa ngazi na ukuta wa kushikilia udongo, shimo la maji taka linachimbwa kwa patasi na moto, na lori la saruji likishindwa kupanda, mifuko inapandishwa kichwani kwa malipo ya kila mfuko. Mawe ya msingi na kokoto ni rahisi kupatikana, hiyo ni kweli, ila unafuu wake unamezwa na kazi ya kusawazisha. Kwenye tambarare balaa ni lingine: udongo mweusi wa mbuga, unaovimba mvua ikinyesha na kupasuka kiangazi, ukipasua na kuta. Mchanganuo wa gharama usio na akiba ya angalau asilimia 15 kwa kiwanja cha mlimani au cha mbuga, urudishe kwa mkadiriaji.

Fedha zikiisha boma likiwa halina paa, benki haiongezi kirahisi, na rejesho halisubiri paa. Mikopo ya ujenzi hutolewa kwa awamu, kila awamu baada ya mkaguzi kuthibitisha hatua iliyopita, na wengi hupewa kipumziko cha miezi sita kabla ya kuanza kulipa. Kipumziko si zawadi. Kama milioni 80 zote zimeshatoka na riba inaongezwa kwenye deni, baada ya miezi sita unadaiwa milioni 86.6, na ile 6.6 ya nyongeza ikilipwa kwa miaka 20 inagharimu milioni 22. Lipa angalau riba katika miezi hiyo, hata kwa kujinyima.

Ufukweni, Luchelele au Igombe kwa mfano, pima kabla ya kupenda. Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu za binadamu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa. Nyumba nzuri iliyo ndani ya mita hizo ni dhamana mbovu kwa benki na mzigo kwako. Tena ziwa lilijaa mwaka 2020 na likajaa tena 2024. Soma kama bima ya jengo inataja mafuriko kwa jina, kwa kuwa "majanga asilia" kila kampuni huyatafsiri kivyake.

Halafu hati. Benki inataka hati miliki, haitaki karatasi ya mauziano yenye muhuri wa serikali ya mtaa. Hilo peke yake linayaondoa makazi mengi ya milimani kama Mabatini na Igogo, isipokuwa pale urasimishaji ulipokamilika hadi hati kutoka. Angalia miaka iliyobaki kwenye hati pia. Hati hutolewa kwa miaka 33, 66 au 99. Hati ya miaka 33 iliyotolewa 1998 inaisha 2031. Hakuna benki itakayokupa mkopo wa miaka 20 juu yake kabla hujaihuisha, na kuihuisha ni miezi na gharama. Upekuzi kwa Msajili wa Hati ufanye mwenyewe hata kama wakili wa benki ataufanya, kwa sababu yeye anamfanyia kazi benki. Unatafuta jina la mmiliki, zuio lolote, rehani ya zamani isiyofutwa, na deni la pango la ardhi.

Mwenza wa ndoa lazima aridhie kwa maandishi kama ni nyumba ya familia. Sheria inalitaka hilo, na mabenki yamekwisha kuumwa na nyoka mahakamani, kwa hiyo wanaogopa hata ung'ongo. Mlete mapema. Mikopo mingi hukwama wiki tatu kwa saini ya mke aliyeko Sengerema.

Nani anafaa

Mtumishi wa umma anabanwa na kanuni ya theluthi: makato yote yasimwache na chini ya theluthi moja ya mshahara. Kwa rejesho la 1,113,005, hata kama hana kato lingine lolote, anahitaji mshahara usiopungua Sh 1,669,508, na hakuna mtumishi asiye na kato lingine. Umri nao: benki inataka mkopo uishe kabla ya kustaafu miaka 60, kwa hiyo mwenye miaka 45 hapati zaidi ya 15 hata akitaka. Tunaona hiyo ni rehema.

Mfanyabiashara wa samaki, wa pamba au wa duka la vifaa vya ujenzi ana tatizo tofauti. Kipato chake kina msimu, rejesho halina. Tunamshauri aweke pembeni marejesho ya miezi minne kwenye akaunti nyingine kabla ya kusaini, hapa ni milioni 4.5. Asipoweza kuziweka leo, hawezi kubeba mkopo huu kesho.

Na huyo huyo mwenye kipato cha msimu ndiye anayeweza kuushinda mkopo kuliko mwajiriwa. Chukua mteja wetu wa miaka 20, mwisho wa mwaka wa kwanza anapata milioni 5 za ziada, anazipeleka zote kwenye deni na kuendelea na rejesho lile lile. Mkopo wake unafupika kwa marejesho 60. Miaka mitano! Milioni 5 zinafuta milioni 67 za baadaye. Milioni 5 zile zile zikilipwa mwaka wa 17 zinafuta marejesho machache tu. Na asiye na mkupuo lakini anaongeza Sh 100,000 kila mwezi tangu mwanzo, anamaliza katika miezi 160, yaani miaka 13 na miezi minne, akiwa ameokoa kama milioni 73.

Kuna mtego mmoja hapa. Ukipeleka ziada kimya kimya, mifumo mingine huihesabu kama marejesho ya miezi ijayo yaliyolipwa mapema, na riba inaendelea kana kwamba hukufanya kitu. Mingine hupunguza rejesho na kuacha muda vilevile. Andika barua: "Naomba kiasi hiki kipunguze salio la deni, rejesho libaki lilivyo, muda ufupishwe." Omba jedwali jipya ndani ya wiki. Kabla ya yote, soma faini ya kulipa mapema kwenye mkataba. Faini ya asilimia 2 ya kiasi kinacholipwa mapema ni 100,000 kwa milioni 5, inavumilika. Faini inayohesabiwa kwenye salio lote ni ya kukataliwa kabla ya kalamu kugusa karatasi. Kanuni za Benki Kuu za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha za mwaka 2019 zinaitaka benki ikueleze gharama na masharti kabla ya kusaini, kwa hiyo kuomba yote haya kwa maandishi si ujeuri.

Ukiuweka pembeni ya njia nyingine

Kupanga. Tuseme nyumba ile ile inapangishwa kwa 400,000. Anayepanga anabaki na 713,005 ambazo mwenye mkopo angezipeleka benki, pamoja na ile milioni 20 ya kianzio. Akiziweka mahali panapotoa asilimia 8 kwa mwaka, na bei za nyumba zikipanda asilimia 5 kwa mwaka, anainunua nyumba taslimu baada ya miaka 9 na miezi miwili hivi. Kodi ikipandishwa, sogeza hadi kumi. Kwenye karatasi mpangaji anashinda vizuri. Ila karatasi haina shemeji anayeumwa, ada za shule za Januari wala pikipiki ya mdogo wako. Anayejijua mkono wake unavuja, rejesho la benki linamlazimisha kuweka akiba ambayo asingeiweka. Hiyo ni huduma, na ina bei yake.

Kujenga kidogo kidogo ndiyo njia ya wengi kanda hii: kiwanja mwaka huu, msingi mwakani, tofali zinafyatuliwa hapo hapo. Udhaifu wake ni fedha iliyolala kwenye boma miaka sita bila mtu kuishi humo. Mchanganyiko ndio tunaoupenda zaidi kuliko bidhaa tuliyoipima: jenga hadi paa kwa fedha zako, kisha kopa ya kumalizia. Milioni 30 kwa asilimia 17 miaka 7 ni rejesho la 613,074 na riba ya jumla milioni 21.5. Weka hiyo kando ya milioni 187.

Benki zinazofuata misingi ya Kiislamu hununua na kukuuzia kwa bei iliyopangwa tangu siku ya kwanza. Si lazima iwe rahisi kuliko riba, lakini haipandi njiani. Uliza kama ukimaliza mapema unapunguziwa faida iliyobaki, kwa sababu si kila mkataba unasema hivyo.

Mambo yakiharibika

Rejesho moja likikosa, kuna riba ya adhabu na taarifa inaingia kwenye kumbukumbu za wakopaji zinazoonwa na mabenki yote. Nenda benki kabla ya tarehe ya rejesho, si baada. Mwezi wa kwanza wa shida wanaweza kupanga upya. Mwezi wa tano faili liko kwa wakili. Sheria ya Ardhi inataka upewe notisi, na siku 60 za kurekebisha kabla benki haijachukua hatua ya kuuza. Pia inamtaka anayeuza atafute bei nzuri: nyumba ikiuzwa kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya soko ya nyumba zinazofanana nayo, inachukuliwa kuwa amevunja wajibu huo mpaka athibitishe vinginevyo. Kwa hiyo ripoti ya mthamini uliyoilipia mwanzoni usiitupe. Na mnada ukishaonekana hauepukiki, uza mwenyewe kwa ridhaa ya benki. Mnunuzi wa kawaida analipa zaidi ya mnunuzi wa mnadani.

Rejesho la mwisho likishalipwa, kazi haijaisha. Rehani bado imeandikwa kwa Msajili wa Hati. Omba benki barua ya kumaliza deni, hati yako halisi, na fomu ya kuondoa rehani iliyosainiwa na kupigwa muhuri. Peleka kwa Msajili, lipa ada, kisha baada ya wiki chache fanya upekuzi kuhakikisha ukurasa ni mweupe. Linganisha namba ya kiwanja na kitalu kwenye hati uliyorudishiwa na nakala uliyobaki nayo miaka ile, kwa kuwa hati hukaa kabatini na za wengine, na majina ya Mwanza yanafanana.